Anayegawa modi asiifute faili ya maelezo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua za wasomaji niseme jambo linalowahusu vijana wengi wa Lubumbashi, ingawa wazazi wao hulisikia kwa mbali tu: desturi ya kupeana, kutoka flashi moja hadi nyingine, modi za michezo ya kompyuta pamoja na sevu, yaani zile faili ambamo mchezo huandika mchezaji amefikia wapi. Mimi ni fundi wa kompyuta katika komini ya Katuba. Kompyuta nyingi zinazoletwa kwangu kwa malalamiko kwamba “mchezo umekufa” hazina ugonjwa wowote. Kilichoharibika ni namna faili hizo zilivyotolewa na kupokewa. Sikusudii kuwakemea wanaogawana. Ninachodai ni kwamba anayempa mwenzake modi ampe pamoja na ile faili ndogo ya maelezo ambayo mtengenezaji aliiweka ndani, na kwamba wauzaji wanaoifuta makusudi wanamdhulumu mtengenezaji na mchezaji kwa wakati mmoja.

Kwa wasiocheza, niseme kwa ufupi modi ni nini. Mchezo wa malori unaoitwa Euro Truck Simulator 2, uliotolewa mwaka 2012 na kampuni ya SCS Software ya mjini Prague, huja na barabara za Ulaya na malori ya huko. Mchezaji mwenye ujuzi anaweza kutengeneza faili inayoongeza lori jingine, rangi nyingine au hata barabara za nchi nyingine, akaiweka katika folda maalumu, na mchezo ukaisoma bila ya ule wa awali kuguswa. Kijana aliyekulia katika mji huu, ambaye tangu utotoni ameona malori ya shaba yakipanga foleni kuelekea Kasumbalesa, mpakani na Zambia, ana kila sababu ya kutaka lori analolifahamu. Vivyo hivyo katika michezo ya mpira ya Konami: kwa kuwa kampuni hiyo haikuwa na leseni za klabu nyingi za Uingereza, Liverpool iliitwa kwa miaka mingi “Merseyside Red”, na wachezaji duniani kote wakawa wanasahihisha majina, fulana na nembo, kisha wanapeana faili iliyosahihishwa. Konami yenyewe iliweka ndani ya mchezo sehemu ya kufanyia marekebisho hayo.

Hapa kwetu faili hizi hupita mkononi kuliko kwenye mtandao, na sababu zake zinajulikana. Pachi kamili, yaani furushi la marekebisho yote ya mchezo wa mpira, inaweza kufikia gigabaiti kadhaa, na anayenunua mega, yaani vifurushi vya intaneti, kwa faranga za mfukoni hawezi kuipakua mara mbili. Mmoja akishaipata, ni jambo la busara kabisa wenzake wa mtaani wainakili kwake. Sevu nazo zina sababu yake ya pekee. Umeme unapokatika wakati mchezo unaandika sevu, faili hubaki nusu na haifunguki tena, na kazi ya wiki kadhaa hupotea kwa dakika moja. Nimeona mara nyingi mtu akiokolewa na rafiki aliyekuwa amenakili sevu yake ili aitazame tu. Kwa hiyo ninaposikia mzazi au mwalimu akisema kwamba kupeana faili hizi ni upuuzi au ni wizi mtupu, nadhani hajaangalia vizuri kinachopeanwa.

Ni kweli kwamba mchezo mzima unaonakiliwa bila malipo ni jambo jingine, na sitalitetea. Modi, hata hivyo, si mchezo. Haichezeki peke yake, na mara nyingi wenye michezo ndio walioifungulia mlango. Doom, mchezo wa mwaka 1993 wa kampuni ya id Software, uliweka ramani na picha zake katika faili zilizotengwa na programu yenyewe, na hivyo wachezaji wakaweza kuongeza za kwao. Counter-Strike, ambao wengi wetu tumeucheza katika vyumba vya kompyuta vya mjini, ulianza mwaka 1999 kama modi ya mchezo wa Half-Life, kazi ya vijana wawili, Minh Le na Jess Cliffe. Mwaka uliofuata Valve, kampuni iliyotengeneza Half-Life, iliutoa kama mchezo wake. Tunayajua majina ya vijana hao kwa sababu yalisafiri pamoja na kazi yao.

Na hapo ndipo ninapofikia kilichonisukuma kuandika.

Kijana mmoja wa Kamalondo, ambaye ni mteja wangu na ambaye sitamtaja kwa kuwa hakuniomba nimtaje, aliitengeneza TP Mazembe, klabu ya mpira ya mji wetu, katika PES 2013, mmoja wa michezo ile ya Konami. Hakuishia kwenye fulana za mistari myeusi na myeupe na nembo yenye mamba. Alikitengeneza kikosi cha mwaka 2010, kile kilichoifunga Internacional ya Brazil mabao 2 kwa 0 huko Abu Dhabi na kuwa timu ya kwanza ya Afrika kufika fainali ya Kombe la Dunia la Klabu: Kidiaba golini, Kabangu na Kaluyituka mbele, kila mmoja na sura inayomfanana kadiri alivyoweza. (Mashabiki wa Lupopo, klabu hasimu ya hapa hapa mjini, watanisamehe, wao bado hawajapata fundi wao, au pengine yupo na kazi yake imeshafutwa jina.) Ndani ya folda aliweka faili ya maandishi ya mistari michache. Aliandika kwamba kazi hiyo ni ya PES 2013 tu; kwamba Mazembe imechukua nafasi ya klabu fulani, kwa hiyo klabu hiyo itatoweka; kwamba faili ya marekebisho itafuta marekebisho yote ambayo mchezaji alikuwa ameyafanya mwenyewe, hivyo anakili kwanza ya kwake pembeni; kwamba Ligi ya Masta (sehemu ya mchezo ambamo mchezaji huiongoza klabu msimu baada ya msimu) iliyokwisha kuanzishwa haitabadilika, bali ianzishwe mpya; kwamba vielelezo vya fulana alivipata kwa mtengenezaji mwingine aliyeruhusu vitumike mradi atajwe; na kwamba kazi hii isiuzwe.

Baada ya miezi michache folda hiyo ilinirudia kutoka kwa mteja mwingine, imenunuliwa kwa mmoja wa vijana wanaojaza flashi kando ya barabara. Picha ya kufungulia mchezo ilikuwa imebadilishwa na kuwekwa namba ya simu ya muuzaji. Folda ilikuwa imebanwa na kufungwa kwa neno la siri ambalo mnunuzi hupewa akishalipa. Faili ya maelezo haikuwemo. Mteja wangu alikuwa ameiweka juu ya marekebisho yake mwenyewe, akayapoteza yote. Kisha akafungua Ligi ya Masta aliyokuwa akiicheza kwa muda mrefu, hakuiona Mazembe, akahitimisha kwamba ameuziwa kitu kibovu. Kitu hakikuwa kibovu. Majibu ya matatizo yake yote yalikuwa katika mistari ile iliyofutwa.

Nimejiuliza kwa nini muuzaji ajisumbue kufuta faili isiyofika hata ukurasa mmoja, ambayo haijazi nafasi yoyote katika flashi. Sioni sababu nyingine isipokuwa kwamba ilikuwa na jina la mtu mwingine na neno “isiuzwe”. Madhara ya kiufundi yamefuata tu nyuma ya tamaa hiyo. Modi isiyo na maelezo ni sawa na vidonge vinavyouzwa kimoja kimoja sokoni bila karatasi yake: huenda ni dawa nzuri, lakini anayemeza hajui ni ya nini wala ameze vingapi.

Mfano mwingine unaoletwa sana kwangu ni GTA San Andreas, ambao kwenye kompyuta ulitoka mwaka 2005 na mpaka leo haujafa mjini humu kwa sababu unakubali mashine dhaifu. Mchezo huo una matoleo zaidi ya moja. Baada ya kelele zilizotokea mwaka ule ule kuhusu sehemu chafu iliyofichwa ndani yake, wenye mchezo walitoa toleo lililozuia modi nyingi, na ndiyo maana modi nyingi mpaka leo hudai toleo la kwanza, yaani 1.0. Mtengenezaji makini huandika hivyo katika mstari wa kwanza wa maelezo yake. Mstari huo ukifutwa, kijana huweka modi, mchezo hukataa kufunguka, naye huanza kulaumu kompyuta, kisha fundi.

Kwa upande wa sevu, anayepaswa kuandika maelezo ni yule anayetoa, kwa kuwa sevu ni kazi ya mchezaji mwenyewe, na kwa hali ya kawaida hahitaji kuomba ruhusa kwa mtu. San Andreas huo huo una nafasi 8 za kuhifadhia, na faili zake huitwa kwa majina yale yale katika kila kompyuta. Ukimpa mwenzako sevu yako ya nafasi ya kwanza naye akaitia katika folda yake bila kuangalia, ya kwake ya nafasi ya kwanza inafutika, na haitarudi. Mistari miwili ingetosha: hii ni nafasi ya ngapi, nakili ya kwako kwanza. Tena, sevu iliyotokana na mchezo wenye modi huzitegemea modi zile. Sevu ya lori lililoegeshwa katika mji ulioletwa na modi ya ramani haiwezi kumpeleka huko mtu ambaye ramani hiyo hana. Kwa hiyo anayetoa sevu aorodheshe modi alizokuwa nazo, na toleo la kila moja, kwa maana modi za ramani hubadilika karibu kila mchezo wenyewe unapotolewa toleo jipya. Na iko michezo, kama Elden Ring wa mwaka 2022, ambayo huifunga sevu na akaunti ya mwenyewe, hivyo kuinakili tu hakusaidii kitu. Heri kumwambia mwenzako mapema kuliko kumwacha atafute kosa lisilokuwepo.

Virusi sitavizungumzia kwa urefu, ingawa najua ndivyo wazazi wanavyoviogopa. Flashi zinazozunguka mjini zina yale mafaili ya njia ya mkato yanayoficha folda za mtu na kujifanya ndizo, na kila fundi anayajua. Modi za aina fulani ni programu kamili, si picha tu: mwezi Juni 2023 modi kadhaa za mchezo wa Minecraft zilizokuwa katika tovuti zinazoaminiwa ziligunduliwa kuwa zimetiwa programu ya kuiba maneno ya siri. Faili ya maelezo haizuii hilo. Lakini angalau humwambia mpokeaji ni faili zipi zilipaswa kuwamo, na folda ya fulana za mpira ikiwa na programu ambayo maelezo hayaitaji, mtu ana sababu ya kusita.

Wapo watakaosema kwamba watengenezaji hawa wanafanya mchezo tu, hivyo jina lao si kitu. Sheria ya nchi yetu kuhusu haki za watunzi, ya tarehe 5 Aprili 1986, humtambua mtunzi kuwa na haki ya kimaadili juu ya kazi yake, na sioni kwa nini aliyechora fulana ya Mazembe asihesabiwe miongoni mwa watunzi. Wengine watasema dawa ni kulipia modi. Jambo hilo limekwisha kujaribiwa: Aprili 2015 Valve na Bethesda, kampuni yenye mchezo wa Skyrim, waliruhusu modi za mchezo huo ziuzwe, mtengenezaji akipata asilimia 25 ya bei, na baada ya siku chache tu mpango ukaondolewa kwa sababu ya malalamiko ya wachezaji. Katika siku zile za mwanzo kabisa, modi moja ililazimika kuondolewa kwa kuwa ilitumia kazi ya mtengenezaji mwingine ambaye hakuwa ameridhia. Fedha zilipoingia, swali la kwanza kuzuka lilikuwa ni nani alifanya nini.

Sidai kwamba kijana wa kando ya barabara afanye kazi bure. Ana mashine, ananunua mega, analipia umeme au petroli ya jenereta, na anayemlipa kwa kunakiliwa gigabaiti kadhaa analipia huduma ya haki. Atoze kazi yake ya kunakili, aseme wazi kwamba ndiyo anayoitoza, aache neno la siri, na picha ya kufungulia mchezo aiache kama alivyoikuta. Namba yake ya simu aiandike kwenye ubao wake. Nao wanunuzi, kabla ya kulipa, waulize kama faili ya maelezo imo. Wakiambiwa haina kazi, wanunue kwingine.

Kuhusu Mazembe ya mwaka 2010, nakala ya awali ya kijana yule, ikiwa na maelezo yake yote, ninayo kwa ruhusa yake. Aliye na ile iliyofutwa jina alete flashi katika karakana yangu, nitambadilishia bila malipo, na sevu zake za zamani nitazinakili pembeni kwanza.

Wako katika kusoma,
Fundi wa kompyuta,
Komini ya Katuba, Lubumbashi