Mwanangu, usianze na hotuba ya Blair

Mwanangu mpendwa,

Hujambo? Sisi huku wazima. Umeniandikia kwamba chuoni mmepewa kazi juu ya Tony Blair na elimu, nawe unataka kuanza na hotuba yake kwenye mkutano wa chama mjini Blackpool mwaka 1996, alipotaja neno elimu mara tatu mfululizo. Nakuomba usianze hapo. Anza darasani, saa tatu asubuhi.

Historia yake imalize kwa mistari michache: mwanasheria aliyesoma Oxford, mbunge wa Sedgefield tangu 1983, kiongozi wa chama cha Labour tangu 1994, waziri mkuu wa Uingereza kuanzia Mei 1997 hadi Juni 2007. Na uandike wazi kwamba mambo ya shule yanahusu England. Scotland ina mfumo wake, na walimu wako wataliona kosa hilo upesi.

Sasa darasani. Kuanzia Septemba 1998 shule za msingi zilipewa saa ya kusoma na kuandika, kila siku. Dakika 15 za kwanza darasa zima lilisoma matini moja pamoja na mwalimu. Dakika 15 nyingine zilikuwa za maneno, tahajia na sentensi. Kisha dakika 20 za vikundi: mwalimu alikaa na kikundi kimoja au viwili, wengine walifanya kazi peke yao. Dakika 10 za mwisho wote walirudi pamoja kueleza walichojifunza. Hisabati ikafuata mwaka 1999. Mimi naiona saa hiyo ndiyo kazi bora ya serikali ile, kwa sababu ilimwambia mwalimu afanye nini Jumatatu, si atamani nini.

Waziri wa Elimu, David Blunkett, aliweka lengo: ifikapo 2002, asilimia 80 ya watoto wa miaka 11 wafikie kiwango cha nne, yaani kile kilichotarajiwa kwa umri huo, katika Kiingereza. Mwaka 1997 walikuwa asilimia 63. Mwaka 2000 wakafika 75, na hapo wakakwama. 2002 bado 75. Eleza kwa nini, maana hapa ndipo wengi hupita mbio. Kusoma kulipanda haraka, kuandika kukabaki nyuma sana, na ile saa ilijaa vipande hata mtoto hakupata muda wa kuandika habari ndefu akaimaliza. Tena mtoto alifundishwa kubahatisha neno kwa kutazama picha na maana ya sentensi, badala ya kushika kwanza sauti za herufi. Ripoti ya 2006 ya Jim Rose, mkaguzi wa zamani wa shule, ndiyo iliyorudisha sauti za herufi mbele.

Lile lengo la kuzuia darasa la watoto wa miaka mitano hadi saba lisizidi 30 lilifanikiwa kwa sababu lilikuwa na fungu lake: serikali ilifuta ruzuku iliyokuwa ikiwalipia baadhi ya watoto ada za shule binafsi.

Kwenye ada za chuo kikuu, kuwa mwangalifu. Kulikuwa na hatua mbili. Mwaka 1998 ilikuja ada ya pauni 1,000 kwa mwaka, ikitegemea kipato cha familia. Kisha ilani ya uchaguzi ya Labour ya 2001 iliahidi kutoleta ada za juu zaidi, na Januari 2004 Bunge likapitisha mswada wa ada ya hadi pauni 3,000 uliposomwa mara ya pili, kura 316 kwa 311. Miongoni mwa waliounga mkono walikuwemo wabunge wa Scotland, ambao vyuo vya kwao havikuhusika. Hilo liliwauma watu, na kwa haki. Lakini eleza pia malipo yalivyokuwa: kuanzia 2006 mwanafunzi hakulipa mlangoni, bali akishamaliza chuo na kupata kazi alikatwa asilimia 9 ya kipato kilichozidi pauni 15,000. Mwenye mshahara wa pauni 20,000 alikatwa 450 kwa mwaka. Weka hesabu hiyo kwenye karatasi yako, halafu nitumie rasimu niisome kabla hujaikabidhi.

Nisalimie wenzako.

Baba yako