Ukoo wa Agamemnon nyuma ya tiketi ya basi

Shoga angu,

Mambo? Moro mvua bado? Najua umeninunia, wiki nzima kimya, ila huku simu inaisha chaji kabla ya mchana kwa mapicha, nikasema ngoja leo nikae hotelini niandike kabisa kuliko kukutumia voisi za dakika nane ambazo najua unazisikilizaga kwa spidi ya mbili.

Jana tulienda Mycenae, mji wa kale wa mfalme Agamemnon. Kama saa mbili hivi kwa basi kutoka Athens, unavuka mfereji wa Corinth unaingia upande wa Peloponnese, jina lenyewe maana yake kisiwa cha Pelops, na huyo Pelops mshike vizuri maana vurugu zote ni za wanawe na wajukuu zake. Baba yake Tantalus alimkatakata akampika, akawaandalia miungu eti awapime kama kweli wanajua kila kitu. Wote wakagoma kasoro Demeter, mama wa watu ana majonzi ya binti yake aliyebebwa kuzimu, akala bega hata hakuangalia sahani. Mtoto wakamfufua, bega wakamtengenezea la pembe ya ndovu. Hapo bado hatujaanza.

Pale mlimani kuna lango lina simba wawili wa mawe juu yake, wamesimama wanatazamana, katikati nguzo, na vichwa hawana. Vilichongwa peke yake vikaja kuchomekwa, vikapotea, yamebaki matundu tu. Mimi nilikaa nayashangaa yale matundu mpaka watu wakaniacha. Lango la mwaka kama 1250 kabla ya Kristo, na mawe ya ukuta ni makubwa mno, Wagiriki wa baadaye walipoyaona wakasema hii sio kazi ya mtu, wamejenga Cyclopes wale majitu ya jicho moja.

Sasa dada aliyekuwa anatutembeza alikuwa anaelezea ukoo kwa Kizungu, na unakijua Kizungu, mjomba anko, baba mdogo anko, mume wa shangazi naye anko, nikapotea kabisa. Kwenye basi la kurudi nikachukua tiketi nikaigeuza nyuma nikaanza kuandika upya kwa Kiswahili, nani anamwita nani nani. Shoga, nilipata baridi.

Angalia. Pelops kazaa Atreus na Thyestes. Thyestes akatembea na shemeji yake, mke wa Atreus. Atreus akajifanya yameisha, akamwita mdogo wake aje kula, kumbe nyama ile ni watoto wa Thyestes mwenyewe. Baba mkubwa kawachinja, kawapika, kampakulia baba yao, na alivyoshiba ndio akaonyeshwa vichwa. Hiyo ni hadithi ya pili ya mchuzi wa watoto kwenye familia moja, nikadhani nimesikia vibaya.

Watoto wa Atreus ndio Agamemnon na Menelaus, wakaoa ndugu wawili wa Sparta, Clytemnestra na Helen. Helen akaondoka na kijana anaitwa Paris kwenda Troy, jeshi likakusanyika Aulis wakamrudishe, upepo hakuna, meli haziendi. Agamemnon alikuwa kamuudhi Artemis, mtabiri akasema huyo mungu anamtaka binti yako Iphigenia. Baba akaandika barua nyumbani, mleteni mtoto, nimempatia mchumba, Achilles. Mama akamleta amejipamba. Sasa tiketi yangu inasema hivi, Helen kwa Iphigenia ni mama mdogo mara mbili, mdogo wa mama yake halafu tena mke wa baba mdogo. Yule dada alisema anti, ikapita. Mimi nimelelewa na mama mdogo, haijapita. Mtoto anachinjwa ili mama yake mdogo arudishwe nyumbani. Wengine wanasema Artemis alimwahi akaweka paa pale madhabahuni, kama yule kondoo wa Ibrahimu, lakini mama mtu hakuliona hilo, yeye alirudi nyumbani peke yake.

Miaka kumi mume yuko vitani, Clytemnestra akaanza kuishi na Aegisthus. Kwa Kizungu eti binamu wa Agamemnon. Binamu wapi! Baba zao ni mtu na mdogo wake, kwetu hao ni ndugu, kwa hiyo yule mwanamke alikuwa na shemeji yake, na Aegisthus ni mtoto wa Thyestes, yule yule aliyetembea na shemeji yake mwanzo. Baba na mwana, kosa lile lile, nyumba ile ile! Nilitaka nisimame kwenye basi niwatangazie watu ila wamelala wote.

Agamemnon karudi, kauliwa bafuni na mkewe, mtoto wake Orestes akaja kumuua mama kulipiza. Kesi yake ikasikilizwa Athens kwenye kilima cha Areopago, ndio, hapo hapo pa Matendo 17 aliposimama Paulo, nimepanda juzi, mwamba unateleza kama sabuni nikashuka kwa makalio. Aeschylus aliiweka kesi hiyo kwenye tamthilia mwaka 458 kabla ya Kristo, na wakili ni mungu Apollo, na hoja yake ndio iliyonifanya nikukumbuke wewe. Eti mama sio mzazi, yeye anatunza tu mbegu ya baba. Kura zikalingana, na ya mungu Athena ilikuwa ya kumwachia, akasema mimi sina mama, nipo upande wa baba. Kweli hana, alitoka kichwani kwa Zeus.

Sasa wewe Mluguru, ukoo wenu unatoka kwa mama, hebu nenda kamuulize bibi. Mwambie kijana kamuua mama yake kwa ajili ya baba, wakili kasema mama si ndugu yake wa damu. Usimwambie ni Wagiriki kwanza, mwambie ni jirani. Halafu nitumie voisi ya atakachosema, hiyo nitaisikiliza kwa spidi ya kawaida, na nyuma ya tiketi pamebaki nafasi kidogo.

Wako wa Athens mpaka Jumapili.