Mwanaisha, zile chupa usizifungue

Buruburu, Nairobi
Jumatano usiku

Shoga yangu Mwanaisha,

Assalaam aleikum. Natumai barua hii itakukuta u mzima, wewe na watoto na Mama. Sisi huku hatujambo, ila baridi inatutesa, na mgongo wa Baba Nasri ni vilevile tu. Salamu nyingine nitazimalizia huko chini, maana nina jambo na jambo lenyewe halingoji.

Ile achari ya kojeti, yale mamumunye madogo ya kijani, niliyokupa ulipokuja arusi ya Zuhura, usiile. Usimpe Mama, usimpe jirani, usimwonjeshe mtu hata kwa ncha ya kijiko. Jumapili nimekupigia mara tatu, simu imezimwa. Nikakuandikia ujumbe, ukanijibu, "Sawa dada." Mwanaisha, nakujua. "Sawa" hiyo ndiyo uliyompa Fatma wa Tudor siku ile ya mtungi wa gesi, na yaliyofuata tuliyaona sote. Basi nimekaa mezani na kalamu. Nasri anapanda treni Syokimau Ijumaa, atashuka Miritini na kuja kwako moja kwa moja na boksi na barua hii, na nimemwambia asiage mpaka uisome mbele yake.

Ilikuwa Jumamosi jioni, natafuta iliki kabatini. Nyuma ya kopo la unga nilikuwa nimepanga zile chupa saba nilizobaki nazo. Moja kifuniko chake kimeinuka katikati. Nikakibonyeza kwa kidole: tak, kikaingia. Nikaachia: tak, kikarudi juu. Unakumbuka usiku ule tulivyokaa jikoni tukihesabu vifuniko vikijivuta ndani kimoja kimoja chupa zikipoa, wewe ukasema ni kama vinapiga busu? Chupa hii ilikuwa miongoni mwa zile. Nikaisogeza karibu na taa. Viputo vidogo vilikuwa vinapanda kando ya kioo, vinapenya kwenye nyuzi za kojeti, polepole, na ile supu yake ya manjano iliyokuwa safi imekuwa kama maji ya kuoshea mchele. Sikuifungua wala sikuinusa. Nilikaa chini kwenye kigoda, nikawaza chupa sita ziko Mombasa.

Sasa nikwambie nilikosea wapi, kwa sababu wewe unataka kuipika kwa ajili ya Ramadhani, na karatasi niliyokunakilia ina makosa yale yale. Ichane.

Kosa kubwa ni siki. Watoto walilalamika kwamba ile ya kwanza ilikuwa kali, nikapunguza siki nusu na pale pengo nikajazia maji. Nilifikiri ni jambo la ladha tu. Sisi tumelelewa na achari ya embe na ya ndimu, Mwanaisha. Bi Mkubwa alikuwa anakata maembe mabichi, anatia chumvi na pilipili, anaanika juani, anaweka, na hakuna aliyewahi kuumwa tumbo. Lakini embe bichi na ndimu huja na ukali wake tangu mtini. Kojeti haina ukali wowote. Karibu yote ni maji, asilimia 95 hivi. Ukali wote wa achari ya kojeti unatoka kwenye siki, na ukiipunguza siki umeondoa mlinzi mlangoni.

Kuna bakteria anayeishi udongoni, yule wa ugonjwa wa botulizimu. Hujifungia ndani ya kijimbegu kigumu ambacho maji ya kuchemka hayakiui. Nje penye hewa hana la kufanya. Mfungie kwenye chupa isiyo na hewa, penye unyevu na pasipo ukali, anaamka na kutoa sumu. Ukali ukitosha, yaani kipimo cha pH kikiwa chini ya 4.6, hawezi kuamka. Na chakula chenye sumu hii si lazima kinuke, wala si lazima kifuniko kivimbe. Ndiyo maana usinijibu kwamba zako hazijavimba. Chupa iliyovimba ndiyo iliyonionya mimi, lakini zote kumi na tatu zilitoka sufuria moja.

Nimewahi kusoma habari iliyoandikwa na madaktari katika jarida moja la Uingereza mwaka 1980, ya watu wa hapa hapa Kenya waliopatwa na ugonjwa huo baada ya kula kumbikumbi waliofungiwa kwenye mfuko wa plastiki. Kumbikumbi, Mwanaisha, chakula cha watu tangu enzi. Kilichowaponza ni kule kufungiwa. Habari ile nilikuwa nayo kichwani miaka yote, na bado nilimimina maji kwenye siki kwa mkono wangu huu. Hilo ndilo linaloninyima usingizi.

Na siki yenyewe, nimerudi kuitazama ile chupa. Haijaandikwa popote ina asilimia ngapi. Aliyeniuzia aliniapia kwamba ni kali. Siku hizi nisipoona 5% kwenye karatasi yake siinunui, na wewe fanya hivyo. Najua unapenda ile siki ya mnazi ya kwa Mzee Kombo, hata mimi naipenda kwenye samaki, lakini ukali wake leo ni huu na kesho ni mwingine. Kwenye achari ya kufungia usiitumie. Ndimu za kukamua vilevile.

Kosa la pili ni dakika. Nilichemsha chupa dakika kumi kama ile video ilivyosema, na yule mama wa kwenye video anaishi ufukweni. Nairobi iko juu, mita 1,700 na kitu kutoka usawa wa bahari, maji huku yanachemka kwenye nyuzi 94 hivi. Wewe hapo ulipo yanafika 100. Si unakumbuka ulivyonicheka maharagwe yangu yalipokataa kuiva mpaka saa nne za usiku? Ni jambo hilo hilo. Maji yanaruka sufuriani, unaona yamewaka, kumbe moto wake ni pungufu. Kwa hiyo huku nachemsha dakika 20. Kwako 15 zinatosha, na uanze kuhesabu baada ya maji kuchemka tena.

Na vifuniko nilirudia vya zamani. Hilo niseme tu, lisitupotezee muda.

Sasa hizo chupa. Usizifungue hata kuangalia. Zitie kwenye mfuko, ufunge, uweke ndani ya mfuko mwingine, uzitupe mahali ambapo paka wako na kuku wa jirani hawafiki. Usimwage kwenye sinki ukitaka kuokoa chupa, chupa nimekuletea nyingine. Na usiniambie utaichemsha upya uiokoe, nakusikia ukisema. Kama kuna iliyovuja, vaa glavu, futa pale mahali kwa maji ya klorini, na kitambaa ukitupe. Na kama yeyote ameshakula, muulize kama anaona vitu viwili viwili, kama kope zinamlegea, kama anashindwa kumeza au maneno hayatoki vizuri. Hata moja tu kati ya hayo, mpeleke hospitali saa ile ile, na umwambie daktari ni chakula cha chupa cha kutengenezwa nyumbani. Usingoje asubuhi. Mungu apishe mbali.

Nimevuta pumzi kidogo. Nasri amepita akaniuliza kama naandika kitabu.

Kwenye boksi kuna chupa sita mpya. Hizi uzile bila wasiwasi, nimezifanya Jumatatu na Jumanne na kila kitu nimekipima. Mama mwenye nyumba alipata kojeti nyingi kule Ruai. Broka alikuja, akazikataa zote kwa sababu zimepita ukubwa anaoutaka, akaondoka na gari tupu. Unajua kojeti, ukiiacha siku mbili shambani inakuwa kama mguu wa mtoto. Hizo kubwa kwa mchuzi hazina utamu, lakini kwa achari ndizo nizitakazo: unazipasua, unakwangua ule moyo wenye mbegu kwa kijiko, unabaki na nyama ngumu. Akaniletea gunia mpaka mlangoni.

Hivi ndivyo nilivyofanya, na uandike kwenye karatasi mpya. Kojeti kilo 2 baada ya kutoa mbegu, nikazikwaruza kwa tundu kubwa za kikwaruzo cha karoti. Vitunguu maji nusu kilo, hoho nyekundu mbili kwa ajili ya rangi. Chumvi robo kikombe, nikachanganya kwa mikono, nikafunika, nikalala. Asubuhi beseni lilikuwa limejaa maji. Nikasuuza kwa maji baridi, halafu nikakamua kwa ile leso yangu kuukuu ya kijani, ile uliyoniletea nilipojifungua Nasri, maandishi yake yamefutika yote yamebaki maua. Kamua mpaka mikono iume. Maji yalitoka mengi. Usiku ule wa zile chupa mbovu sikukamua, nilichuja tu kwenye chujio, kwa hiyo hata siki ile kidogo niliyoweka ilizimuliwa na maji ya kojeti. Unaona jinsi makosa yanavyoshikana mikono?

Siki ya 5% vikombe 3 kamili, sukari vikombe 2 na nusu, mbegu za haradali kijiko kikubwa, manjano kijiko cha chai, pilipili ya unga kiasi chako. Haradali nilinunua Ngara, za hapa mtaani zilikuwa zimelala. Chemsha siki na sukari na viungo kwanza, uso ukiuweka mbali maana mvuke unatoa machozi, kisha tia mboga, ziache zitokote dakika kumi na tano hivi. Jaza chupa ikiwa bado ya moto, chupa nazo ziwe za moto, uache nafasi ya upana wa kidole juu. Futa mdomo wa chupa, hata chembe moja ya haradali ikibaki hapo kifuniko hakishiki. Halafu kwenye sufuria kubwa, kitambaa chini ili zisigongane, maji yapite vifuniko kwa vidole viwili.

Ladha badilisha kwa viungo vikavu na sukari. Siki usiiguse. Vitunguu saumu usiongeze, najua mkono wako. Mafuta usitie, achari yetu ya embe huogelea kwenye mafuta lakini hapa mafuta yanazuia hewa tu, na yule adui anapenda pasipo na hewa. Ukitaka kupunguza ukali, punguza sahanini: changanya na kachumbari au na maziwa ya mgando wakati wa kula. Watoto wangu sasa wanakula hivyo na viazi karai na hakuna anayelalamika. Chupa ikishafunguliwa ikae kwenye friji.

Na habari ya kuuza: nimeifikiria sana. Wazo lako la kuweka meza karibu na Marikiti ni zuri, na naamini watu watanunua. Lakini baada ya Jumamosi naona tusiharakishe. Kuuza madukani kunataka alama ya KEBS, lile shirika la viwango, na kwanza achari yetu ipimwe ukali wake, kila sufuria. Vipo vijikaratasi na vipimo vya pH, nitauliza vinapouzwa. Mwaka huu tupike ya nyumbani na ya kugawia futari tu, mpaka niweze kulala bila kuamka kwenda kubonyeza vifuniko. Maana ndivyo nifanyavyo, usiku wa kuamkia leo nimeamka saa tisa. Vyote vimeshika, alhamdulillahi.

Nilitaka nikusimulie na ya Zuhura na mama mkwe wake lakini karatasi inakwisha. Nasri atakusimulia, usimuulize mbele ya watu.

Basi nijibu, si "sawa." Nijibu kwa hesabu. Chupa sita: nne zako, moja ya Mama, moja ya Fatma. Ngapi bado zimefungwa? Ya Mama umeichukua mwenyewe chumbani kwake, au amekwambia tu haipo? Maana Mama huficha vitu vitamu, tunamjua. Fatma ameila? Alimpa nani? Yule mgeni wa Malindi aliyekula wali kwenu wiki ile uliyoniambia, aliwekewa achari gani? Na wewe macho yako yakoje, unaona vizuri? Sauti yako siku ile kwenye simu ilikuwa nzito, ilikuwa ni mafua kweli? Maembe mabichi yameanza huko? Kama yameanza, mpe Nasri debe dogo akirudi Jumatatu, na umpe na jibu langu lililoandikwa.

Nisalimie Mama, umbusu mkono kwa niaba yangu, na uangalie chini ya kitanda chake.

Mimi mwenzio,
Khadija