Risala ya watunza mbegu wa milima ya Bukavu kwa Mgeni wa heshima, siku ya maonyesho ya mbegu za kienyeji

Mheshimiwa Mgeni wa heshima,
Waheshimiwa Bami, wakuu wetu wa kimila, na wajumbe wenu,
Walimu na wanafunzi wa kilimo,
Mama walimaji mliotoka Kabare, Walungu, Kalehe na Idjwi na vikapu vyenu,
Mabibi na mabwana,

Karibuni Bukavu. Mezani mbele yenu mna sahani za maharagi: mekundu, meupe, ya njano, yenye madoadoa, ya kupanda mitini na ya chini. Chini ya kila sahani kuna karatasi. Leo tunaomba mtusikilize zaidi juu ya karatasi hizo kuliko juu ya maharagi yenyewe.

Swali letu ni hili: nani ana ruhusa ya kuichukua mbegu ya kilimani, kwa masharti gani, na nini kinamrudia aliyeitunza? Wanasheria husema rasilimali za kijenetiki. Sisi tutasema mbegu tu, na humo tunahesabu pia machipukizi ya mgomba, vijiti vya mihogo na marando ya viazi vitamu.

Mheshimiwa, ukitaja kugawana faida, swali la kwanza la watu ni: asilimia ngapi? Hebu tulijibu mapema ili lisitupotezee siku. Mkataba wa Kimataifa wa Rasilimali za Kijenetiki za Mimea kwa Chakula na Kilimo ulipitishwa Roma mwaka 2001, ukaanza kufanya kazi mwaka 2004, na nchi yetu, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ni mwanachama. Chini yake kuna mkataba sanifu wa kuhamisha mbegu, uliokubaliwa mwaka 2006. Mkataba huo unasema: aliyetengeneza aina mpya kwa mbegu aliyoipata ndani ya mfumo wa pamoja wa Mkataba wa Roma, kisha akawafungia wengine wasiitumie kwa utafiti na uzalishaji wa aina nyingine, atalipa asilimia 1.1 ya mauzo, baada ya kupunguza asilimia 30. Ukipiga hesabu inabaki asilimia 0.77. Kampuni ikiuza mbegu za dola 100,000, malipo ni dola 770. Tena hazirudi kwa mama wa Walungu. Zinaingia katika mfuko wa pamoja, na mfuko hugharimia miradi ya wakulima katika nchi zinazoendelea, kwa maombi na mashindano. Na kama kampuni haikuwafungia wengine, kulipa ni hiari yake. Kwa sababu hiyo fedha za lazima zimekuwa haba tangu mwanzo.

Hatusemi asilimia haina maana. Tunasema anayengoja dola 770 zimfikie kilimani atangoja misimu mingi, na huku vitu vinavyoweza kurudi mwaka uleule vinampita: mbegu iliyosafishwa magonjwa, majibu ya majaribio, mafunzo, jina la kilima katika maandishi, nakala ya mbegu iliyohifadhiwa. Hivyo ndivyo tunavyovidai kwanza.

Kuna jambo ambalo hata wataalamu hulichanganya. Milango ya kuombea mbegu ni miwili. Mkataba wa Roma una orodha ya mazao 64 ya chakula na malisho. Maharagi yamo, mihogo imo, ndizi, mahindi, mpunga, mtama, ulezi, viazi vitamu na viazi vya kizungu vimo. Soya haimo. Karanga hazimo, nyanya haimo, kahawa haimo, mchikichi haumo, wala miti ya kwinini ambayo Bukavu inaifahamu vizuri. Kwa hayo yasiyomo, mlango ni Itifaki ya Nagoya, makubaliano ya kimataifa juu ya kuchukua rasilimali za kijenetiki na kugawana faida, ya mwaka 2010, iliyoanza kufanya kazi tarehe 12 Oktoba 2014. Huko hakuna mkataba sanifu. Kila mwombaji hutafuta ridhaa kabla ya kuchukua, na masharti hujadiliwa naye peke yake. Hata haragi, likitakiwa kwa dawa au kwa kiwanda cha kemikali badala ya chakula, linatoka katika mlango wa Roma na kwenda wa Nagoya.

Na hapa ndipo wengi huteleza. Wanasema: haragi limo katika orodha, basi ni la wote, tunachukua. Hapana. Mfumo wa Roma unashika mbegu zilizo chini ya usimamizi wa serikali na zisizo na mwenye haki juu yake, pamoja na zile zilizowekwa humo kwa hiari na vituo vya kimataifa na wengine. Haragi lililo ghalani mwa mama wa Kabare halimo humo kwa sababu tu jina la zao limeandikwa katika orodha. Mbegu inayochukuliwa shambani inafuata sheria ya nchi. Ghala la mlimaji si ghala la taifa, na mtafiti anayepita kilimani na mfuko anapaswa kulijua hilo kabla hajafungua kinywa.

Mwingine atauliza: maharagi si yalitoka Amerika? Ni kweli. Mihogo pia. Mgomba mababu zake ni wa Asia. Lakini Mkataba wa Bayoanuwai wa Rio, wa mwaka 1992, unasema kwamba kwa mimea iliyofugwa na binadamu, mahali pa asili ni pale ilipopatia sifa zake za pekee. Haragi lililochaguliwa na vizazi vya mama katika baridi ya mita 1,900, katika udongo uliochoka wa Walungu, likazoea kuiva kabla mvua haijakatika, limepata sifa zake hapa. Haki yetu juu yake inasimama hapo. (Na haki hiyo ni ya pande zote. Miti ya kwinini tuliipata kutoka Andes, na Kivu imefaidika nayo sana. Anayedai aheshimiwe akumbuke pia alichopewa.)

Mheshimiwa, kwa nini karatasi? Tutoe mfano wa haragi la njano. Mwaka 1994 mfanyabiashara mmoja wa Marekani alinunua Mexico mfuko wa maharagi mchanganyiko, akatenga ya njano, akayachagua kwa misimu michache. Mwaka 1999 alipewa hati ya uvumbuzi juu ya haragi la rangi hiyo, akaliita Enola, akaanza kuwadai waliokuwa wakiingiza maharagi ya njano kutoka Mexico. Kituo cha CIAT cha Colombia, chenye hazina kubwa ya maharagi ya dunia, kiliipinga hati hiyo mwaka 2000. Ofisi ya uvumbuzi ya Marekani ilikataa madai yake mwaka 2008, na mahakama ya rufaa ikathibitisha mwaka 2009. Miaka kumi ilikwisha hivyo. Kilichosaidia kumshinda si hasira ya wakulima. Ni kumbukumbu: haragi la namna hiyo lilikuwa limeandikwa na kuhifadhiwa kabla yake. Haragi ambalo halikuandikwa popote halina shahidi.

Mfano wa upande mwingine uko nyumbani. Mgomba uitwao Yangambi Km5 unajulikana katika vituo vya utafiti vya dunia kwa kustahimili sigatoka nyeusi, ugonjwa wa majani ya mgomba. Kila anayeutumia analitaja jina la mahali pa Kongo, apende asipende, kwa sababu jina hilo liliingia daftarini pamoja na mmea. Lakini mara nyingi mambo huenda vingine. Aina ikiingia hazina ya CIAT hupewa herufi G na tarakimu, na kama mkusanyaji hakuandika jina la kilima, tarakimu ndiyo inayobaki.

Sasa tueleze karatasi iliyo chini ya sahani, maana ndiyo kazi tuliyoifanya. Ina tarehe, kilima na grupema (kundi la vijiji), mwinuko na vipimo vya mahali kutoka simu, jina la mbegu katika lugha ya mwenyewe na maana yake, namna ya kuipanda na kuipika, jina la aliyeitoa, na kusudi la anayeichukua. Mbegu huchukuliwa shambani wakati wa mavuno, Januari kwa msimu A na Juni kwa msimu B, kutoka mashina yapatayo 50 yaliyotawanyika, si kutoka shina moja zuri. Haifai kuichukua Kadutu sokoni: gunia la soko limechanganya vilima vitatu au vinne, na hakuna anayeweza kutia sahihi kwa niaba ya kilima asichokijua.

Kiasi ni nusu kilo. Kwa maharagi ya ukubwa wa wastani ni mbegu elfu moja au zaidi kidogo. Nusu anakwenda nayo mtafiti, robo inawekwa katika kituo cha utafiti cha nchi, robo inabaki kijijini. Kabla ya kugawa, tunapima unyevu kwa chumvi kavu ndani ya chupa: ukitikisa na chumvi ikanata kwenye kioo, mbegu bado ni mbichi, irudi juani asubuhi au jioni, kamwe si juu ya bati saa saba mchana. Ikishakauka, tunaijaza katika chupa ya plastiki hadi shingoni na kufunga kabisa. Hewa ikiisha, wadudu watoboao maharagi hufa. Baada ya hapo tunaotesha mbegu 100 na kuhesabu siku ya tisa. Zikiota chini ya 85, hatuzipokei kwa hifadhi, tunazipanda upya kwanza. Ni vizuri kukumbuka kanuni ya zamani ya wahifadhi: kila unyevu ukishuka kwa asilimia 1, au joto kwa nyuzi 5, maisha ya mbegu hukaribia mara mbili. Ndiyo maana hazina kubwa hutumia nyuzi 18 chini ya sifuri, na ndiyo maana robo yetu ya kijijini haiwezi kukaa miaka bila kupandwa. Tunaipanda kila baada ya msimu wa pili.

Mgomba na mihogo ni habari nyingine. Havihifadhiwi kwa punje. Chipukizi la mgomba likitoka kilima chenye mnyauko wa bakteria linabeba ugonjwa, na kijiti cha mihogo kinabeba batobato, ugonjwa wa virusi. Kwa hiyo havihami kama vilivyo. Vinapaswa kupitia maabara, vikue katika chupa na kupimwa virusi. Hazina ya ndizi ya dunia iliyoko Leuven, Ubelgiji, hufanya hivyo, na huhifadhi nyingine katika naitrojeni ya kimiminika kwenye nyuzi 196 chini ya sifuri. Kinachotoka Leuven kinatoka kwa mkataba sanifu, na Mkongo ana haki ya kukiomba sawa na mwingine yeyote. Ni faida tuliyo nayo tayari na wachache huitumia.

Mambo yanaharibika wapi? Mara nyingi ni katika sahihi. Karatasi ya ridhaa huletwa kwa Kifaransa cha wanasheria, mkubwa wa kilima anatia sahihi, na mama ambaye ndiye anayechagua mbegu na kuitunza hakuulizwa. Ridhaa hiyo ina mguu mmoja. Pili ni kubadilisha kusudi: mbegu imeombwa kwa jaribio la ugonjwa, baada ya miaka mitatu iko mikononi mwa mtu wa nne anayeiuza. Bila kifungu kinachosema kwamba kusudi likibadilika ridhaa inaombwa upya, hakuna wa kumkamata. Na jina nalo lina hila yake: mbegu moja ina jina hili Kabare na jina lile Walungu, na jina moja linabeba mbegu mbili. Ndiyo maana sampuli inawekwa pamoja na picha ya ua, ganda na punje. Jina pekee halitoshi.

Kuna na mlango wa nyuma. Jani likisomwa vinasaba vyake, taarifa inaingia katika kompyuta na mbegu haihitajiki tena. Nchi zilikubaliana juu ya jambo hili, na Mfuko wa Cali ukazinduliwa Februari 2025: kampuni kubwa zinazofaidika na taarifa hizo zinatarajiwa kuchangia asilimia 1 ya faida au asilimia 0.1 ya mapato, na angalau nusu ya fedha iende kwa wenyeji na jumuiya za mahali. Hatutaki mengi hapa, isipokuwa fomu iseme wazi kama usomaji wa vinasaba umeruhusiwa au la.

Mheshimiwa Mgeni wa heshima, sheria namba 14/003 ya tarehe 11 Februari 2014 juu ya uhifadhi wa maumbile imegusa suala hili la ruhusa na kugawana faida. Tunachokuomba ni mambo ya chini kabisa, yanayoishia kwenye meza ya ofisi.

Fomu ya ridhaa iandikwe kwa Kiswahili, na isomwe kwa Kimashi, Kihavu au Kilega mbele ya mashahidi wawili, mmoja wao mama mlimaji. Mwombaji apate jibu, ndiyo au hapana, ndani ya siku 30. Mwanafunzi wa Bukavu anayetafuta mbegu kwa kazi yake ya mwisho akingoja miezi sita, msimu umempita, na atachukua mbegu kwa siri. Itifaki ya Nagoya yenyewe inataka utafiti usio wa biashara uwekewe njia nyepesi. Kampuni isiwekewe njia hiyo. Na kanuni yoyote itakayoandikwa juu ya mbegu zenye cheti isifanye kosa la jinai kile ambacho mama hufanya kila Septemba: kubadilishana kikombe cha maharagi na jirani wa kilima cha pili. Ibara ya 9 ya Mkataba wa Roma inatambua haki za wakulima, na kuhifadhi, kutumia, kubadilishana na kuuza mbegu ya shamba lao ni mambo yaliyotajwa humo, kwa kadiri sheria ya nchi inavyoruhusu. Maneno hayo ya mwisho ndiyo yanayotutia wasiwasi, maana kalamu ya nchi inaweza kuyafungua au kuyafunga.

Fomu tuliyoiandaa ina kurasa mbili. Nakala yako iko chini ya sahani ya maharagi ya njano, mkono wako wa kulia. Sehemu ya sahihi ya mpokeaji bado ni tupu.

Tunaomba kuwasilisha.