Mkopo wa nyumba: tuambiwe jumla, si rejesho la mwezi peke yake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua ili nizungumzie matangazo ya mikopo ya nyumba yanayochapishwa gazetini mwako, na hasa jambo ambalo matangazo hayo hayalisemi. Karibu kila tangazo nililolisoma linaanza na picha ya familia iliyosimama mlangoni, linafuatiwa na rejesho la kila mwezi kwa tarakimu kubwa, kisha chini kabisa, kwa herufi zinazonilazimu kusogeza karatasi karibu na macho, linataja kiwango cha riba na kukumbusha kwamba vigezo na masharti kuzingatiwa. Jumla ya fedha ambazo mkopaji atakuwa amezitoa hadi siku atakayorudishiwa hati yake haimo. Nimefanya kazi ya uhasibu kwa miaka mingi, na mimi mwenyewe nimekuwa mkopaji wa nyumba, kwa hiyo naandika nikiwa na hakika kwamba hiyo jumla ndiyo namba ambayo mtu angepaswa kuonyeshwa kabla ya nyingine yoyote.

Tuchukue mkopo wa milioni 100, za fedha yoyote ile, kwa riba ya asilimia 12 kwa mwaka, unaolipwa kwa miaka 20 kwa marejesho yaliyo sawa kila mwezi, riba ikikokotolewa juu ya salio linalopungua. Rejesho la mwezi litakuwa takriban 1,101,000. Mtu mwenye mshahara unaotosha akiitajiwa namba hiyo hushusha pumzi, kwa kuwa anaiona inabebeka. Lakini rejesho hilo likilipwa miezi yote 240 linafikia milioni 264 na ushei, na katika hizo milioni 164 ni riba tupu. Mkopaji amenunua nyumba moja na amelipa thamani ya nyumba mbili na zaidi ya nusu ya nyingine.

Wengi hudhani kwamba riba na deni hulipwa sambamba, nusu kwa nusu, tangu mwezi wa kwanza. Sivyo. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, na asilimia 1 ya milioni 100 ni milioni 1. Hiyo ndiyo inayochukuliwa kwanza, na katika rejesho zima hubaki takriban 101,000 tu za kupunguza deni lenyewe. Mwezi wa pili riba inakokotolewa juu ya salio ambalo halijapungua kwa kiasi cha maana, hivyo inashuka kwa elfu 1 hivi, na mwezi wa tatu vivyo hivyo. Mwaka wa kwanza ukiisha, mkopaji amekwisha kutoa milioni 13.2, na deni limepungua kwa chini ya milioni 1.3. Baada ya miaka 10, yaani nusu ya safari, ametoa milioni 132 na bado anadaiwa karibu milioni 77.

Naikumbuka taarifa ya mkopo wangu ya mwisho wa mwaka wa kwanza. Niliifungua jioni, nikaweka ncha ya kalamu juu ya safu ya salio na kuishusha mstari kwa mstari, mwezi baada ya mwezi, nikiamini kwamba kuna makosa yamefanyika. Nikachukua karatasi nyingine na kukokotoa upya kwa mkono, na nikafikia namba zile zile. Hapakuwa na makosa yoyote. Jedwali la marejesho lingenionyesha hayo yote kabla sijasaini, lakini sikupewa, wala mimi sikujua kwamba nina haki ya kuliomba. Nilichopewa siku ile ni mkataba wenye kurasa nyingi, na kidole cha afisa kikinionyesha mahali pa kuweka sahihi.

Uamuzi unaogharimu zaidi katika mkopo wa nyumba hufanywa kwa dakika chache sana, nao ni uamuzi wa idadi ya miaka. Afisa mikopo aliyenihudumia alikuwa kijana mwenye adabu, na sina sababu ya kumshuku kwa lolote. Aliingiza mshahara wangu kwenye kompyuta, akaandika miaka 15, akaona rejesho linazidi sehemu ya mshahara inayoruhusiwa, akafuta na kuandika 20, kisha akanigeuzia kioo na kuniambia kwamba sasa imekubali. Hivyo ndivyo miaka mitano ya maisha yangu ilivyoongezwa. Hakuna aliyenieleza miaka hiyo mitano ina bei gani, na naamini hata yeye hakuwa amewahi kuikokotoa.

Kwa mkopo ule ule wa mfano, bei yenyewe ni hii. Ukilipwa kwa miaka 15, rejesho ni takriban 1,200,000 kwa mwezi na jumla ni milioni 216. Ukilipwa kwa miaka 20, rejesho linashuka kwa 99,000 na jumla inapanda hadi milioni 264. Ukivutwa hadi miaka 30, kama inavyofanyika katika nchi kadhaa, rejesho ni takriban 1,029,000, yaani nafuu ya 72,000 tu kwa mwezi ikilinganishwa na miaka 20, ilhali jumla inafika milioni 370. Kwa nafuu hiyo ndogo ya kila mwezi mkopaji ameongeza gharama ya milioni 106, ambayo ni zaidi ya fedha zote alizokopa. Sababu ni rahisi kuiona mtu akiambiwa: rejesho haliwezi kushuka chini ya riba yenyewe, ambayo mwezi wa kwanza ni milioni 1, kwa hiyo kadiri miaka inavyoongezwa ndivyo nafuu inavyokuwa finyu na riba inavyozidi kunenepa.

Hapo nimezungumzia mikopo ambayo riba yake hukokotolewa juu ya salio. Ipo mingine ambayo riba hukokotolewa juu ya mkopo wote wa awali tangu mwanzo hadi mwisho, hata pale mkopaji anapokuwa amebakiza deni dogo kabisa. Utaratibu huu umezoeleka zaidi katika mikopo midogo ya muda mfupi, lakini mtu anayekopa ili ajenge awamu kwa awamu anaweza kukutana nao, na ndiyo maana nautaja. Asilimia 12 ya namna hiyo kwa miaka 20 ni milioni 12 kila mwaka bila kupungua, jumla ya riba milioni 240, na rejesho la takriban 1,417,000 kwa mwezi. Ukitaka kuufananisha na mkopo wa salio linalopungua, riba yake ni zaidi ya asilimia 16. Matangazo mawili yanaweza kusimama ukurasa mmoja, yote yakiandika asilimia 12, na tofauti kati yao ikawa milioni 76.

Kisha kuna riba inayobadilika, na hili naomba wasomaji walitazame kwa makini, hasa wale wanaofikiria kukopa hadi ukomo wa mshahara wao. Mikataba mingi ya muda mrefu humruhusu mkopeshaji kupandisha kiwango pale gharama za fedha sokoni zinapopanda. Tuseme riba ya mkopo wetu wa mfano imepanda mapema kutoka asilimia 12 hadi 14. Riba ya mwezi mmoja sasa ni takriban 1,167,000, wakati rejesho ni 1,101,000. Mkopaji akiendelea kulipa rejesho lile lile bila kukosa hata siku moja, deni lake halipungui. Linaongezeka kila mwezi. Kulimaliza kwa muda uliopangwa kunahitaji rejesho lipande hadi karibu 1,243,500. Pale ambapo mkopeshaji, kwa nia ya kumpunguzia mteja mzigo, anaacha rejesho lilivyo na kusogeza mbele tarehe ya mwisho, mteja hupokea barua fupi ya taarifa na kushukuru, asijue ameongezewa nini.

Gharama za pembeni nitazipitia haraka, si kwa sababu ni ndogo, bali kwa sababu angalau hizo hutajwa: ada ya mthamini, ada ya kushughulikia mkopo, gharama za wakili, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya jengo. Jambo la kuangalia ni pale mteja anapoambiwa asijali, kwamba ada zote zitaingizwa ndani ya mkopo. Ada za milioni 4 zikiingizwa ndani ya mkopo wa miaka 20 kwa asilimia 12 hulipwa kwa zaidi ya milioni 10.5. Mtu anayeweza kuzilipa taslimu siku ya kwanza, hata kwa kujibana, azilipe.

Sitaki nieleweke kwamba napinga mikopo ya nyumba. Fedha hupoteza thamani, na rejesho la mwaka wa 18 huwa jepesi kulibeba kuliko la mwaka wa kwanza ikiwa mshahara umepanda pamoja na bei za vitu, kwa hiyo milioni 264 zilizotawanyika katika miaka 20 hazina uzito sawa na milioni 264 za leo. Aidha, anayesubiri bila kukopa hulipa kodi ya pango miaka yote hiyo, na mwishoni hana hati mkononi. Hizo ni hoja nzito, nami nilizitumia kujipima kabla ya kukopa. Lakini mtu hawezi kuzipima hoja hizo ikiwa upande mmoja wa mizani hakuwekewa kitu.

Kwa waliokwisha kusaini, ipo njia ya kupunguza gharama, nayo ni kulipa zaidi ya rejesho mapema iwezekanavyo. Katika mfano wetu, anayeongeza 100,000 kila mwezi tangu mwanzo humaliza deni kwa takriban miaka 15 badala ya 20 na kuokoa karibu milioni 48. Fedha ile ile ikianza kuongezwa katika miaka ya mwisho huokoa kidogo sana, kwa kuwa riba nyingi imekwisha kulipwa. Hata hivyo, asome kwanza kifungu cha adhabu ya kulipa kabla ya wakati, na kila anapoongeza fedha aandike barua inayoeleza kwamba nyongeza hiyo inapunguza deni la msingi. Mimi niliwahi kupeleka nyongeza kwa miezi minne bila maelezo, na nilipofuatilia nikakuta imewekwa kando ikisubiri kuwa malipo ya miezi ijayo, huku riba ikiendelea kukokotolewa juu ya salio lile lile. Ilinibidi niende mara tatu hadi iliporekebishwa.

Ninachokiomba hakijawahi kuwa kigumu kwa wengine. Nchini Marekani, sheria ya mwaka 1968 kuhusu ukweli katika ukopeshaji iliwalazimisha wakopeshaji kutaja kiwango cha mwaka kinachojumuisha riba pamoja na ada, na fomu ambayo mkopaji wa nyumba hupewa tangu mwaka 2015 humwonyesha jumla ya riba ya muda wote ikiwa ni asilimia ya mkopo. Umoja wa Ulaya, kwa agizo lake la mwaka 2014, uliweka karatasi ya maelezo ya namna moja ambayo inamwambia mkopaji jumla atakayorudisha, na inamwambia pia, kwa kila moja anayokopa, atarudisha kiasi gani. Naona maelezo hayo ya mwisho ndiyo bora kuliko yote, kwa sababu hayahitaji elimu ya hesabu. Kwa mkopo wetu wa mfano yangesomeka hivi: kwa kila 1 unayokopa utarudisha 2.64. Ukiongeza miaka hadi 30, utarudisha 3.70. Afisa angegeuza kioo chake, na mteja angeelewa mara moja.

Kwa hiyo nakuomba, Ndugu Mhariri, uwatake wanaotangaza mikopo ya nyumba gazetini mwako waongeze mstari huo mmoja, kwa maandishi yenye ukubwa sawa na yale ya rejesho la mwezi. Wasomaji nao nawaomba wasitie sahihi popote kabla ya kupewa jedwali la marejesho lililochapwa, la tangu mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, na wakae nalo nyumbani angalau usiku mmoja. Nimeambatisha na barua hii jedwali la mkopo nilioueleza, lenye mistari 240, ulichapishe ukipata nafasi. Mstari wa 180 nimeupigia wino mwekundu: ndio mstari wa kwanza ambao salio lake liko chini ya milioni 50.

Wako mwaminifu,
Mhasibu mstaafu na msomaji wako wa siku nyingi