Saa zangu zimekatwa nusu, na alama za wanafunzi bado ninazo

Shangazi, shikamoo. Ni saa kumi alfajiri na sijapata hata lepe la usingizi. Nikifumba macho naiona ile kalamu nyekundu.

Mimi nafundisha chuoni kwa mkataba wa muda, nalipwa kwa saa. Kwenye fomu ya madai niliandika saa 84 za darasani. Mkuu wa idara akapiga mstari, akaandika 42, akasaini, mbele ya karani wa uhasibu. Nilipouliza hakunijibu mimi, alimgeukia karani akasema, "Huyu ni wa muda tu. Akiona hazimtoshi, aache." Mtu aliyenifundisha, Shangazi. Mimi ndiye niliyekuwa nikimbebea vitabu vyake.

Silalamikii pesa. Ila hesabu iko wazi. Saa tatu kwa wiki, wiki 14, ndiyo hizo 42 zake. Lakini wanafunzi walikuwa 116 na chumba kile kinaingiza 60 kwa kubanana. Yeye mwenyewe alinisimamisha kwenye korido akaniambia niwagawe, kundi moja asubuhi na jingine jioni, "tutaliweka sawa kwenye madai." Nikawagawa. Kila wiki nilifundisha somo lile lile mara mbili. Leo anasema mkataba unataja kozi moja. Mkataba wenyewe nimepewa wiki ya tisa! Ningekataa kusaini wakati zaidi ya nusu ya muhula nimeshafundisha? Usinilaumu, sisi sote wa muda tunafanya hivyo. Kutunga mtihani, kusahihisha, kuandaa somo, hayo hayahesabiwi na sijawahi kuyadai. Nadai saa nilizosimama darasani tu, na karatasi za mahudhurio ya makundi yote mawili ninazo, zina saini za wanafunzi.

Uhasibu nimekwenda mara nne. Wanasema wao wanalipa kilichosainiwa. Mkuu wa kitivo kaniambia nianzie idarani, na idarani ni kwake yule yule. Hata hizo 42 zenyewe hazijalipwa, eti fungu limekwisha, nisubiri mwaka mpya wa fedha.

Mwenzangu mmoja mwenye ajira ya kudumu aliniambia nishukuru kwa hicho nilichopata. Ningekuwa nimefanya kazi mbovu ningenyamaza. Kundi la jioni lilimaliza silabasi yote. "Huyu ni wa muda tu." Hata jina langu hakulitaja, na analijua tangu nikiwa mwaka wa kwanza.

Mke wangu alitaka niachane nao, nami nikamwambia nimeshaacha. Sijaacha. Wiki iliyopita walinipigia kuhusu muhula ujao, nikakubali kabla hata sijauliza malipo, na usiku akishalala naandaa masomo. Nafasi ya kudumu ikitangazwa nikiwa nje, nani atanikumbuka? Ingawa chini ya mtu yule sitaki tena kufanya kazi.

Halafu kuna hili. Mitihani nimeshasahihisha yote. Alama ziko kwangu ndani ya bahasha, na mwisho wa kuzipeleka ulikuwa Ijumaa. Katibu wa idara anapiga simu, sipokei. Wenzangu wa muda wanasema hiyo ndiyo silaha pekee tuliyo nayo, kwamba wakishazipata hakuna atakayenijua. Lakini jana binti mmoja wa kundi la jioni, yuko mwaka wa mwisho, aliniandikia kuuliza kama amefaulu, maana bila alama zangu jina lake haliingii kwenye orodha ya wahitimu. Amefaulu vizuri sana. Sijamjibu.

Shangazi, nikiipeleka bahasha leo nitakuwa nimezikubali zile 42? Na barua ya malalamiko nimpe nani, ikiwa kila mlango unanirudisha kwake? Tafadhali nijibu mapema. Pesa wanaweza kukaa nazo hata mwaka. Nataka aandike 84, kwa kalamu ile ile, karani akiwa pale pale.