Mama, usidandie tena

Mama yangu, salamu kutoka Tanga. Sisi wazima, bibi yako mguu unamsumbua ila anakula.

Ile vois noti yako nimeisikiliza mara nne. Unacheka unasema mmemaliza kushuti filamu alfajiri hapo Wrocław, Poland, ukatoka mbio, ukakuta treni ya Warszawa inataka kuondoka ukaidandia, mlango ukabana begi. Wewe umecheka. Mi sijalala.

Stesheni ileile mama! Cybulski, yule mwigizaji wao mkubwa wa filamu, naye alikuwa katoka kushuti hukohuko Wrocław, asubuhi ya 8 Januari 1967, anawahi treni ya Warszawa, ikawa imeshaanza kutembea, akairukia, akateleza akaingia chini. Miaka 39. Na hakuwa mgeni wa kudandia, alishadandia huko nyuma akafika salama, ndo maana siku ile hakujiuliza mara mbili. Ile picha ya kibao chake cha kumbukumbu uliyonipigia jukwaa la tatu bado ninayo kwenye simu. Enzi nasoma huko hakikuwepo, wamekiweka 1997. Sasa wewe unapita hapo kila wiki alafu unadandia.

Usiniambie treni za siku hizi milango inajifunga yenyewe. Begi lilibanwa na nini?

Labda mi ndo nilikusimulia vibaya. Nilikuwa naisimulia ile ruka kama ya shujaa, mpaka napanda kwenye kochi, mama yako ananiambia acha wewe mtoto anaangalia. Habari ya mke na mtoto mdogo aliowaacha sikuigusa, wala kaburi lake Katowice.

Kile kipande ulichotuma tumekiona wote. Pale uliponyamaza, kabla hujajibu, nimemkumbuka Cybulski kwenye ile filamu yake Popiół i diament (Majivu na Almasi) anavyowasha zile glasi za pombe moja moja, kila glasi na mwenzao aliyekufa vitani. Filamu ni ya mwisho wa vita 1945 lakini yeye kavaa kama kijana wa 1958, na miwani yake ya giza, na vijana wa wakati huo wakajiona wao. Watu humwita James Dean wa Poland, mi silipendi hilo jina, alikuwa Cybulski inatosha. Basi nimeona kitu hicho kwako na nimewaonyesha watu wa msikitini. Najua mwaka ule nilisema uigizaji sio kazi. Nilisema mengi mwaka ule.

Ila huna subira, na hiyo sijui umeirithi kwa nani. Nani kakulazimisha ushuti usiku Wrocław na mchana uwe kwenye mazoezi ya teatro Warszawa? Cybulski kamaliza chuo Kraków 1953, akaenda Gdańsk, 1954 yeye na rafiki yake Kobiela wakaanzisha Bim-Bom na wanafunzi, kateatro kadogo tu, na ile filamu iliyomtoa imekuja 1958. Miaka mitano mama. Wewe una miwili toka umalize unakimbia kama kuna mtu anakufukuza. Na huyo Kobiela naye ajali ya gari ilimchukua 1969. Sikutishi, nakwambia tu.

Hela uliyotuma nimenunua bati za jikoni, fundi kapiga nusu anasema misumari imeisha, namsubiri toka Jumanne na mvua imeshaanza. Yule mbuzi mweupe kazaa mapacha. Mdogo wako yuko kwenye moku ya fom foo, umpigie, mimi hanisikilizi hesabu.

Ukikosa treni sema umekosa, dairekta akifoka mwache afoke. Nauli ya inayofuata nitatuma mimi, usiulize nimetoa wapi. Kaa kwenye benchi unipigie, hata iwe saa tisa usiku huku, simu naweka chini ya mto.

Mama yako anataka namba ya kiatu chako, kuna mtu anakuja huko mwezi ujao.

Baba yako